MAFATE: BONDE LISILO NA BARABARA
Safari ya siku moja kwa miguu katika milima ya kisiwa cha Réunion

Katika Bahari ya Hindi, zaidi ya maili 400 mashariki ya Madagascar, kuna kisiwa ambacho mtu anaweza kukizunguka kwa motokaa kwa siku moja, lakini hawezi kukijua mpaka ashuke katika motokaa hiyo na kutumia miguu yake. Jina lake ni Réunion. Ukubwa wake ni kama maili 970 za mraba, na tangu mwaka wa 1946 kimekuwa mkoa kamili wa Ufaransa.

Kisiwa hiki kilizaliwa na moto wa chini ya bahari. Katikati yake umesimama mlima uitwao Piton des Neiges, maana yake Kilele cha Theluji, ingawa theluji yenyewe huonekana huko kwa nadra sana. Urefu wake wapita futi 10,000, na moto wake ulizimika maelfu ya miaka iliyopita. Upande wa kusini-mashariki uko mlima mwingine, Piton de la Fournaise, ambao moto wake ungali hai, na ni mmojawapo wa milima inayotapika moto mara nyingi kuliko yote duniani.

Kuuzunguka ule mlima uliozimika yamechimbika mabonde matatu makubwa, yenye umbo la vyungu vilivyovunjika upande mmoja. Ardhi iliporomoka, kisha mvua ikaila kwa maelfu ya miaka, hata kuta za vyungu hivyo zikawa magenge ya kutisha. Majina ya mabonde hayo ni Cilaos, Salazie na Mafate. Cilaos na Salazie yana barabara. Mafate haina hata moja. Watu mia saba au mia nane wanaokaa humo, pamoja na kila mgeni atakaye kuwatembelea, hawana budi kwenda kwa miguu au kupanda helikopta.

Basi haishangazi kwamba mojawapo ya safari zinazopendwa sana na wageni wa Réunion ni kuingia Mafate na kutoka kwa siku moja, nyuma ya kiongozi aijuaye njia.

KUANZA ALFAJIRI

Kiongozi mwema humwambia mgeni jambo la kwanza tangu usiku wa jana yake: lala mapema. Safari huanza kabla ya jua kuchomoza, wala si kwa sababu ya kupenda kuwasumbua watu. Alfajiri milima ya Réunion huwa wazi, na kila kilele huonekana kama kimekatwa kwa kisu. Lakini jua likishapanda, upepo utokao baharini husukuma hewa yenye unyevu juu ya miteremko, na kabla ya adhuhuri mara nyingi mawingu huwa yamekwisha kujaa mabondeni. Aliyechelewa kuamka ataona ukungu tu, naye atarudi kwao akisema kwamba Mafate haina kitu.

Jambo la pili ni mvua. Kisiwa hiki kimeweka sifa ambayo hakuna nchi inayokionea wivu. Tarehe 7 na 8 Januari 1966, tufani ilipopita, mahali paitwapo Foc-Foc palinyeshewa na milimita 1,825 za mvua kwa muda wa saa 24 tu. Hiyo ni karibu mara mbili ya mvua inayonyesha Nairobi katika mwaka mzima, na mpaka leo hakuna mahali duniani palipopimwa mvua kubwa kuliko hiyo katika saa 24. Majira ya tufani ni tangu Desemba mpaka Aprili.  Bali hata katika miaka ya karibuni, Belal ya Januari 2024 na Garance ya Februari 2025 zilileta vifo na hasara kubwa.

Kwa hiyo kiongozi hatoki nyumbani bila kuuliza mambo mawili: hewa itakuwaje leo, na Idara ya Misitu imefungua njia zipi. Mvua kubwa huporomosha mawe na kubomoa njia, na hata barabara ipandayo mpaka mlangoni mwa Mafate imewahi kukatwa. Njia ikifungwa, imefungwa. Hakuna fedha ya mgeni iwezayo kuifungua.

Kiongozi wa milimani katika Réunion si mtu yeyote aliyeamua tu kujiita hivyo. Sheria ya Ufaransa humtaka awe na cheti cha kazi hiyo, baada ya kufundishwa na kutahiniwa. Hutazama viatu vya kila mtu, hupima maji kila mtu aliyochukua, naye humwuliza kila mmoja kuhusu magoti yake. Swali hilo la magoti huwachekesha wageni asubuhi. Alasiri hawacheki tena.

KATIKA MLANGO WA MILIMA

Motokaa huacha pwani na kupanda katika bonde la Salazie, ambalo huota kijani kila upande kwa wingi wa maji. Maporomoko membamba hushuka kutoka juu ya magenge, na mojawapo wameliita Shela ya Bibi Arusi, kwa namna maji yake yatandavyo meupe juu ya mwamba. Kisha barabara hupita kijiji cha Grand Îlet na kupanda kwa kona nyingi, mpaka mahali ambapo motokaa haina budi kuachwa. Kutoka hapo ni miguu.

Baada ya kupanda kwa muda, njia hufika katika upenyo uitwao Col des Bœufs, wenye kimo cha futi 6,400 hivi. Nyuma liko bonde la Salazie, na mbele, kwa ghafula, nchi yote inakatika. Hapo ndipo watu wengi hunyamaza. Mtu aliyewahi kusimama ukingoni mwa Bonde la Ufa na kutazama chini atajua kidogo hali hiyo, lakini Mafate si bonde pana lililotulia. Ni shimo lililojaa milima. Ndani yake mna miamba mikali kama meno, makorongo yasiyoonekana mwisho, na juu ya kila kipande cha ardhi tambarare mna nyumba chache zenye mapaa ya mabati. Ng'ambo ya pili husimama ukuta mwingine wa mwamba, Maïdo, wenye kimo cha futi 7,200. Maji yote ya bonde hukusanyika katika Mto wa Galets, ambao hupenya katika ufa mwembamba kwenda baharini.

Wenyeji huviita vipande hivyo vya ardhi tambarare "îlet", yaani visiwa vidogo. Jina hilo lina haki. Kutoka kijiji hata kijiji mtu huona moshi wa jirani yake, hata husikia jogoo wake akiwika, lakini ili kumfikia hana budi kushuka mpaka chini ya korongo na kupanda tena upande wa pili, kazi ya saa nyingi.

Njia ya kushuka imetengenezwa kwa ngazi za magogo yaliyolazwa ardhini, mamia kwa mamia. Kushuka huonekana rahisi kuliko kupanda, na hapa ndipo kiongozi huonyesha faida yake. Huwafundisha wageni kukanyaga kwa hatua fupi, kukunja goti kidogo, na kutotazama mandhari huku mguu ungali hewani. "Simama utazame, au tembea usitazame," ndiyo kanuni ya njia hizi. Mtu avunjikaye mguu katika Mafate hachukuliwi kwa gari la wagonjwa. Husubiri helikopta ya askari wa milimani, na helikopta hiyo haiwezi kuja wingu likishashuka.

Chini ya ngazi hizo uko uwanda wa Plaine des Tamarins. Msomaji asidhani kwamba ni mikwaju ile ya pwani yetu. Miti hii ni jamii ya mikakaya, na katika dunia nzima humea kwa asili katika kisiwa hiki tu. Pepo za tufani zimeipinda na kuilaza, nayo imeota tena kutoka pale ilipoangukia, huku ndevu za kuvu zikining'inia katika matawi. Ng'ombe hulisha chini yake. Ndege mmoja mdogo, aitwaye tec-tec kwa sababu ya sauti yake, hurukaruka mbele ya wasafiri kutoka kigingi hata kigingi, kana kwamba yeye ndiye kiongozi wa kweli.

WATORO WA MAFATE

Kwa kawaida ni hapa, watu wakipumzika kivulini, ambapo kiongozi hueleza kwa nini kuna watu katika shimo hili. Na maelezo hayo humhusu mtu wa Afrika Mashariki kuliko anavyodhani.

Zamani Réunion haikuwa na wenyeji. Mwaka wa 1663 walifika Wafaransa wawili pamoja na watu kumi wa Madagascar, na haukupita muda mrefu wale Wamalagasi wakakimbilia milimani. Kwa hiyo historia ya utoro katika kisiwa hiki ni ndefu sawa na historia ya makao yenyewe. Kahawa ilipoanza kulimwa katika karne ya 18, na miwa katika karne ya 19, watumwa waliletwa kwa maelfu kutoka Madagascar, Msumbiji na pwani ya Waswahili. Mwaka wa 1776 Mfaransa mmoja, jina lake Morice, alipatana na Sultani wa Kilwa apewe watumwa 1,000 kila mwaka kwa ajili ya visiwa vya Wafaransa. Mpaka leo watu wa Réunion wenye asili ya Kiafrika huitwa "Kaf", neno litokalo katika lile lile neno la Kiarabu ambalo sisi twalijua kuwa kafiri. Leo wao wenyewe hulitamka kwa fahari.

Sheria iliyotolewa mwaka wa 1723 ilieleza wazi malipo ya mtoro. Aliyetoroka kwa mwezi mmoja alikatwa masikio na kutiwa chapa ya moto begani. Akitoroka mara ya pili, alikatwa mshipa wa mguu. Mara ya tatu aliuawa. Hata hivyo walitoroka. Walipanda makorongo usiku, wakashika kamba za mimea juu ya magenge haya haya ambayo leo mgeni huyashuka kwa ngazi, akiwa na viatu vizuri na mkate mkobani. Waliishi mapangoni na katika vibanda vya mawe, penye baridi kali. Juu ya Cilaos, wachunguzi wa mambo ya kale wamekuta vibanda vya mawe vya namna hiyo, na ndani yake mifupa ya ndege walioliwa.

Majina ya milima ndiyo makaburi yao. Mafate lilikuwa jina la kiongozi mmoja wa watoro, nalo lasemekana kutoka katika neno la Kimalagasi lenye maana ya "chenye kuua". Cimendef, kilele kisimamacho juu ya bonde, ni jina la mwingine. Cilaos husemwa kuwa maana yake ni mahali mtu asipopaacha. Wazungu walipeleka vikosi vya kuwawinda, na mwindaji aliyejulikana kuliko wote ni François Mussard, ambaye kikosi chake husimuliwa kwamba ndicho kilichomwua Mafate mwaka wa 1751. Mwindaji alisifiwa katika vitabu vya zamani, lakini ramani imelihifadhi jina la aliyewindwa.

Watu wa pwani ya Kenya hawatahitaji kuelezwa zaidi. Katika karne ya 19 watoro kutoka mashamba ya Malindi na Mombasa walijenga makao yao wenyewe bara, na Fuladoyo ni jina linalokumbukwa. Bahari iliwatenganisha watu hao, lakini fikira yao ilikuwa moja.

Utumwa ulikomeshwa Réunion tarehe 20 Desemba 1848, na watu zaidi ya 60,000 wakawa huru siku hiyo. Kila mwaka tarehe hiyo ni sikukuu, na ngoma ya maloya, iliyozaliwa mashambani mwa watumwa, hupigwa usiku kucha. Baada ya uhuru watu maskini wa kila rangi, waliokosa ardhi pwani, walipanda kukaa katika mabonde haya. Wakazi wa Mafate wa leo ni wajukuu wa mchanganyiko huo.

KIJIJI CHA LA NOUVELLE

Muda wa saa mbili hivi tangu kuuacha upenyo, njia huingia La Nouvelle, kijiji kikubwa kuliko vyote vya Mafate, chenye kimo cha kama futi 4,700. Kina shule ndogo, kanisa, duka, mahali pa kuokea mikate, na nyumba za kulaza wageni. Nyumba zimepakwa rangi za kung'aa na kuzungukwa na maua. Hakuna nguzo za umeme. Kila paa limebeba vioo vya kunasa nguvu za jua. Hakuna mngurumo wa motokaa hata mmoja, na jambo hilo ndilo mgeni wa mjini hulisikia kwanza, kama mtu asikiavyo saa ya ukutani iliposimama.

Kisha helikopta huja. Huning'iniza chini yake wavu uliojaa mitungi ya gesi, saruji, mchele na soda, huuweka chini, huchukua taka na kuondoka. Kila kitu kisichomea bondeni huja kwa njia hiyo, au kwa mgongo wa mtu, na bei yake hupanda pamoja nacho. Mgeni anayenung'unika kwamba soda ni ghali huombwa na kiongozi afikirie ilivyofika.

Barua nazo zilikuwa na safari yake. Tangu 1951 mpaka 1991 tarishi mmoja, Ivrin Pausé, alizichukua kwa miguu kutoka kijiji hata kijiji, miaka 40 ya kupanda na kushuka. Kwa watu wa Mafate hakuwa mpeleka barua tu, bali alikuwa habari, dawa na salamu za ndugu.

Chakula cha mchana hupikwa katika nyumba ya mwenyeji: wali, maharage, na mchuzi wa soseji wenye nyanya, vitunguu na pilipili, ambao huitwa rougail. Huko mezani ndiko mgeni huweza kusikia jambo zito zaidi la bonde hili. Mtoto wa Mafate husoma shule ya chini kijijini kwao, lakini akimaliza hana shule ya juu humo. Akiwa na miaka kumi na moja hivi, hana budi kwenda pwani, kukaa kwa jamaa au bwenini, na kurudi nyumbani kwa miguu inapowezekana. Wengine hurudi kuwa viongozi wa wageni au kufungua nyumba za wageni. Wengine hawarudi.

Je, barabara haingefaa? Swali hilo kila mgeni huliuliza. Lakini barabara ingeleta shule na daktari karibu, nayo hiyo hiyo ingeondoa kile kinachowaleta wageni, ambao ndio shamba la Mafate la siku hizi. Tena ardhi si ya wakazi wenyewe. Ni mali ya serikali ya mkoa, chini ya usimamizi wa Idara ya Misitu, na wakazi hupewa ruhusa ya kuitumia. Tangu 2007 bonde limo katika Hifadhi ya Taifa, na mwaka wa 2010 milima na mabonde haya yaliandikwa katika orodha ya urithi wa dunia. Watoro walilichagua shimo hili kwa sababu halifikiki. Wajukuu wanaishi kwa sababu hiyo hiyo, nao hulipa gharama yake kila siku.

KUPANDA TENA

Kiongozi hutazama saa yake mara nyingi wakati wa chakula. Safari ya Mafate ina siri moja: kazi nzito huja mwisho. Kilichoshukwa asubuhi chapaswa kupandwa alasiri, miguu ikiwa imechoka, tumbo limejaa, na wingu limekwisha kuingia.

Hapo kiongozi hubadili mpango wa msafara. Aliye dhaifu kuliko wote humweka mbele, karibu na yeye mwenyewe, na wote hufuata mwendo wake. Vijana wenye nguvu hawapendi jambo hilo, lakini ndilo linalowafikisha. Msafara unaofuata mwenye mbio hukatika vipande viwili katika ukungu, na kipande cha nyuma ndicho kinachopotea. Ngazi za magogo zikilowa huteleza kama sabuni. Watu huacha kuzungumza. Husikika pumzi tu, na matone ya maji yakidondoka kutoka katika ndevu za mikakaya.

Hatimaye upepo hubadilika usoni, na watu hujua kwamba wamefika katika upenyo. Hugeuka kutazama nyuma. Mara nyingi hawaoni kitu. Bonde zima limefunikwa kwa weupe, kana kwamba halikuwapo kamwe. Lakini kutoka chini kabisa, ndani ya wingu hilo, huweza kusikika mbwa akibweka au jogoo akiwika. Ndivyo ilivyokuwa hata wakati wa wawindaji: walisimama hapa juu, wasione mtu, nao walijua kwamba watu wamo.

Mgeni hufika pwani usiku, magoti yakimwuma kama kiongozi alivyomwonya. Wenzake waliobaki ufukoni humwuliza ameona nini. Huwaambia habari za magenge na maporomoko, kwa kuwa hayo ni rahisi kuyaeleza. Jambo jingine huchukua muda kulifahamu: kwamba amepita kwa siku moja, kwa hiari yake na kwa kulipa fedha, katika njia ambayo watu wengine waliipita usiku, bila kiongozi, kwa sababu kila kitu walichokuwa nacho kilikuwa mbele yao.